Kassovitz: aliishia La Haine, au sisi ndio hatukumfuatilia?

Msasani87: Wadau, Mathieu Kassovitz, mwongozaji na mwigizaji wa Ufaransa, alitengeneza La Haine, filamu ya vijana wa mtaa wa hali ya chini na polisi, mwaka 1995 akiwa na miaka 27, akabeba Palme d'Or, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Cannes. Baada ya hapo tukaletewa filamu za Gothika na Babylon A.D. Hollywood ilimmaliza. Na kusema kweli, mtoto wa mwongozaji filamu angesimulia shida za mtaa mpaka lini?

Koroboi: Palme d'Or ya mwaka ule alichukua mwongozaji mwingine, Kusturica. Kassovitz alipewa tuzo ya mwongozaji bora. Kabla hujamzika mtu soma jina kwenye jeneza.

Mama Wawili: Mimi iliyonikera ni hiyo ya "mtoto wa mwongozaji". Haya, baba yake Peter yuko kwenye fani, kwa hiyo? Filamu ilichochewa na kifo cha Makomé, kijana wa Kizaire wa miaka 17, aliyepigwa risasi akihojiwa kituo cha polisi Paris mwaka 1993. Ulitaka anyamaze kwa sababu baba ana kamera?

Msasani87: Sijasema anyamaze. Nimesema hakulala njaa.

Mtu wa Lubumbashi: Kwani Makomé aliuawa na njaa, ndugu? Filamu ilipotoka, Waziri Mkuu wa Ufaransa, Juppé, akawaita mawaziri wake waitazame. Wakatazama, wakaenda zao. Vijana wetu Ufaransa wangali wanasimamishwa na polisi njiani kila siku.

Koroboi: Jamani, mada ni kazi yake. Babylon A.D. ya 2008 aliiponda mwenyewe hadharani. Mwaka 2011 akarudi na filamu ya Ouvéa, kisiwa cha Kaledonia Mpya, himaya ya Ufaransa kule Pasifiki, walikouawa Wakanak 19, wenyeji wa huko, mwaka 1988. Akaongoza, akaigiza, haikuuza. César, tuzo za filamu za Ufaransa, wakamtupia uteuzi mmoja, akawaporomoshea matusi Twitter.

Msasani87: Si unaona? Msusaji.

Mama Wawili: Hata mimi ningesusa.

Fundi Taa: Mbona mnamruka mwigizaji? Amélie, Munich, halafu ile tamthilia ya ujasusi ya Le Bureau des légendes, 2015 hadi 2020. Pale anakaa kimya tu na jasho linakutoka wewe. Kuongoza kwake, nadhani, zilikuwa hasira za ujana.

Mama Wawili: Hasira za ujana? Mtoto kauawa kituoni, wewe unaita hasira za ujana?

Koroboi: Fundi, uigizaji haukuja baadaye. César ya mwigizaji chipukizi aliipata kwa filamu ya mwongozaji Audiard ya 1994, La Haine haijatoka.

Mama Wawili: Koroboi tulia na tarehe zako. Nimemuuliza Fundi.