Ripoti ya kamishna wa mahakama kugawa kiwanja: tuipinge, tuombe kamishna mwingine, au turidhiane?

BintiWaTanga:
Wakuu, naombeni mawazo. Baba na baba mdogo walinunua kiwanja pamoja hapa Tanga, wote wameshatangulia mbele ya haki. Mahakama imeamua kila upande una nusu, ikateua kamishna, mpima ardhi, akagawe. Ripoti imetoka: watoto wa baba mdogo wamepewa mbele, barabarani, sisi nyuma. Kwa mita ni sawasawa. Ila mbele kuna fremu tatu za tofali (vyumba vya biashara) zenye wapangaji, na ripoti imeziandika "kibanda cha mabati". Kwetu kuna shimo la choo na mnazi mmoja, na njia ya kutokea haikuchorwa. Siku ya kupima hatukuitwa. Mama alichungulia dirishani akamwona anavuta utepe, mwenzake wa kumshikia ncha ni mtoto wa upande wa pili. Wakili wa kwanza anasema tuombe kamishna mpya, wa pili anasema tuipinge hiyo hiyo.

KaraniMstaafu:
Pole sana binti yangu. Ripoti ya kamishna si hukumu. Chini ya Amri ya 26 (yaani fungu la kanuni) ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, mahakama inaweza kuithibitisha, kuibadilisha au kuitengua. Ikitenguliwa, ndipo mahakama inaweza kuteua mwingine au kutoa amri nyingine inayofaa. Kwa hiyo kuomba kamishna mpya kabla hujaonyesha ubovu wa huyu ni kuruka ngazi. Weka pingamizi la maandishi lenye hati ya kiapo, kisha uombe ruhusa ya kumhoji mahakamani. Muulize: fremu uliziona? Uliingia ndani? Nani alikushikia utepe? Nimekaa masjala miaka mingi, ripoti nyingi zimeyumba hapo.

Mzalendo_K:
Mimi nilipita njia ya kamishna mpya. Tulishinda, lakini gharama zilitutoa jasho, maana mahakama inaweza kuagiza mlipe kwanza fedha za kazi hiyo. Na yule wa pili alikuja na mpaka uleule!

Mama Shufaa:
Dada, rudini mezani. Amri ya mahakama ikimruhusu, kamishna anaweza kuagiza upande uliopata chenye thamani kubwa uwalipe wengine fedha ya kusawazisha. Hilo mnaweza kukubaliana wenyewe, mkaandika, mahakama ikairekodi. Hao ni damu yenu.

KaraniMstaafu:
Nakubali, Mama Shufaa, ila wasiende mezani mikono mitupu. Bila thamani ya fremu watalipwa bei ya mabati. Watafute mthamini aliyesajiliwa kwanza.

wakili_kijana:
Naongezea mawili. Kutoitwa siku ya kupima ndiyo hoja yenu nzito kuliko zote: wahusika wanatakiwa waelekezwe kufika mbele ya kamishna. Iwekeni ya kwanza, njia ya kutokea iwe ya pili, maana kipande kisichofikika si nusu hata kama mita zinalingana. Pia msikimbilie rufaa sasa. Tangu marekebisho ya sheria ya 2002, uamuzi mdogo usiomaliza shauri haukatiwi rufaa. Mtapoteza muda, na wenzenu wanaendelea kuchukua kodi.

jirani_Mombasa:
Huku Kenya makamishna wako Amri ya 28 ya kanuni za mashauri ya madai za 2010. Sisi tulipiga picha za kila ukuta, zikatusaidia sana kuliko maneno.

BintiWaTanga:
Asanteni, hasa wewe mzee wangu Karani. Tumekubaliana nyumbani: pingamizi na kumhoji kwanza, mazungumzo yakiwa wazi, kamishna mpya akibaki wa mwisho. Jana mama amelitoa sandukuni daftari la kodi la baba. Wapangaji wa fremu zote tatu wamo, mwezi kwa mwezi, kwa mwandiko wake, na baba mdogo ametia sahihi pembeni kila alipopokea nusu yake. Kesho asubuhi nalipeleka kwa wakili.