Namba ya lori wameificha, uso wa binamu yangu wameuacha wazi

Wadau, nimeshindwa kunyamaza.

Binamu yangu aligongwa na lori pale Salgaa, barabara ya Nakuru kwenda Eldoret. Kabla polisi hawajafika, watu walishatoa simu wanarekodi. Aibu hiyo tumeizoea. Lakini sasa kuna chaneli imeokota ile klipu, ikaichanganya na za ajali nyingine, ikatia muziki wa kutisha na msimulizi wa sauti nzito, ikaiita makala. Matangazo yanaingia katikati: damu, sabuni ya kufulia, damu tena. Na namba ya lori wameifunika vizuri kabisa, kwa sababu mwenye lori anaweza kuwashtaki. Uso wa marehemu? Uko wazi, na macho yake wazi.

Shangazi yangu kule Njoro alionyeshwa na mtoto wa jirani. Alimtambua kwanza kwa sweta, maana alimfumia yeye mwenyewe.

Niliwaandikia. Wakanijibu eti wanaelimisha umma kuhusu usalama barabarani. Elimu gani? Nimeitazama yote, kwa uchungu. Hakuna neno juu ya ule mteremko wa Salgaa, wala madereva wa malori wanaoushuka na gia nyutro ili kuokoa mafuta, mpaka breki zinakataa. Ni miili tu.

Kisingizio hiki cha elimu ni cha zamani. Mwaka 1966 Waitaliano Jacopetti na Prosperi walitoa filamu ya Africa Addio, wakawauzia watu wa kwao maiti za watu wa Afrika, zikiwemo za Zanzibar baada ya mapinduzi ya 1964, kwa jina la ukweli. Mwaka 1978 Wamarekani wakaja na filamu ya Faces of Death. Vifo vingi humo viliigizwa, vikachanganywa na picha za maiti halisi, na msimulizi alikuwa mwigizaji aliyejifanya daktari ili mtazamaji ajione anasoma. Wale walikuwa wageni, hawakutujua. Hawa wa leo ni Wakenya wenzetu, wanapita Salgaa hiyo hiyo wakienda kuzika watu wao!

Kama kuna wakili humu, naomba aniambie familia inaanzia wapi: Baraza la Vyombo vya Habari, Kamishna wa Data, au mahakamani moja kwa moja? Kuripoti kwa kubonyeza nimeripoti, video bado ipo. Na wewe uliyetumiwa hiyo klipu, ifute. Usiniulize kama ni yenyewe, na usiiweke hapa.