Umewahi kuiondoa kesi ili uifungue upya? Tupeane uzoefu (Mbeya, Iringa, Njombe)

Binti Rungwe: Ndugu zangu, mdogo wangu kanipigia leo kutoka Mwanjelwa, wakili wake kamwambia "tunaiondoa hii kesi tutafungua nyingine iliyokaa vizuri", mwili ukanisisimka wote. Maneno hayo hayo niliambiwa mimi 2017. Shamba la marehemu baba, migomba na miparachichi, jirani kafyeka hadi karibu na kaburi la bibi, nikafungua shauri baraza la ardhi kwa jina langu kama mtoto. Wakaleta pingamizi kwamba mimi sio msimamizi wa mirathi, sina haki ya kushtaki. Wakili akasimama, "tunaomba kuliondoa", dakika tano tu yameisha, na mvua ya kwetu mnaijua inavyopiga bati, hata sikusikia mwenyekiti anasoma nini. Nikakunja karatasi nikatia kwenye mfuko. Nikahangaika na usimamizi mahakama ya mwanzo, kikao cha ukoo, tangazo, miezi ikaenda, nikapata. Narudi na fomu namba nne ya usimamizi mkononi najua sasa mambo safi, upande wa jirani wakatoa ile karatasi, imeandikwa "Shauri limeondolewa kama ilivyoombwa." Basi. Hakuna neno la ruhusa ya kurudi. Wakasoma Amri ya 23 kanuni ya 1 ya Sheria ya Mwenendo wa Madai, ukiondoa bila ruhusa hurudi na jambo lile lile. Likatupwa. Nilikaa kwenye ngazi pale nje nikashindwa kuinuka, na mama yuko nyumbani kaivisha ndizi ananisubiri nilete habari njema.

Kamwene: Pole sana dada. Neno moja tu halipo na shamba limekwenda.

Mwana Uyole: Pole dada, ila hapo mlikubali mapema. Mwanzo ulishtaki kama wewe, mara ya pili kama msimamizi, hao ni watu wawili kisheria. Ungekata rufaa Mahakama Kuu, una siku 45.

Mama Ilula: Kaka usimlaumu, yeye ndo aliyefiwa na baba.

Mwana Uyole: Silaumu mama, nasema ili mwingine asikae kimya kama hivyo.

Binti Rungwe: Hela ya rufaa ndo ilikuwa ada ya huyu mdogo wangu. Nilichagua ada, na ningechagua tena.

Mkata Mbao Mafinga: Mimi ruhusa nilipewa na bado nikaumia. 2012 nilimkopesha mtu mbao, lori zima, tena zile nzuri zilizokauka, tukaandikishana alipe mwaka huo huo, hakulipa. Nikashtaki 2016, hati ya madai ikawa na kasoro, kesi ikavutwa vutwa mpaka 2019 ndo wakili akaomba kuiondoa na ruhusa ya kurudi, imeandikwa vizuri kabisa nikafurahi. Tukarudi, tukaambiwa madai ya mkataba mwisho miaka 6. Nikasema si nilishashtaki ndani ya muda? Hakimu akanieleza taratibu kabisa, sheria inahesabu kana kwamba ile ya kwanza haikuwahi kuwepo. Ruhusa haisimamishi siku. Ile karatasi ninayo bado kwenye sanduku, mke wangu alitaka kuichoma nikamkatalia.

Kamwene: Duh. Lori zima?

Mkata Mbao Mafinga: Lori zima mkuu.

Mfugaji wa Mufindi: Na lori lenyewe lilikuwa la nani, hukuandikishana na dereva?

Mama Ilula: Jamani tuacheni lori turudi kwenye mada. Mimi yangu iliisha vizuri. Niliomba talaka bila kupita baraza la usuluhishi la ndoa, nikaiondoa, nikaenda baraza wakatuita, mwenzangu hakutokea, nikapewa cheti nikarudi. Usiogope kuondoa kama kasoro ni ya karatasi.

Mfugaji wa Mufindi: Sisi tulishtaki halmashauri ya kijiji pale pale baraza la ardhi, kumbe tangu 2020 kijiji nacho ni serikali, unatoa notisi ya siku 90, unamuunganisha Mwanasheria Mkuu, unaenda Mahakama Kuu. Tukaondoa tukaanza upya Iringa. Ushauri wangu usiondoe, acha wailetee pingamizi baraza liamue lenyewe, likikosa mamlaka linaondolewa tu, halitupwi.

Mwana Uyole: Hapana mkuu, usimpoteze mtu. Ukisubiri unaweza kubebeshwa gharama. Omba mapema, sema kasoro ni ipi, na hesabu miaka yako kwanza. Ardhi ni 12.

Mzee wa Kyela: Mwanangu Binti Rungwe, amri ikisomwa mdogo wako aombe isomwe tena. Hakuna atakayemfunga kwa kuomba hilo. Halafu achukue nakala siku hiyo hiyo kabla hajapanda gari.

Binti Rungwe: Ndaga fijo baba. Nimempigia sasa hivi, mgogoro wake wa mpaka wa shamba una miaka minne tu kwa hiyo siku anazo. Kesi ni Jumanne. Napanda gari la kwanza kutoka Tukuyu, nitakaa naye benchi moja mpaka hilo neno la ruhusa nilione kwa macho yangu.