Tupeane uzoefu: siku uliyovishwa kilemba cha ukoka

MTOTO WA MAJENGO
Salamu ndugu zangu. Wezi wa simu na matapeli wa "nimekutumia pesa kimakosa" tuwaweke kando leo, hao tushawajua. Nataka visa vya mtu aliyekuchezea akili mpaka ukatoa pesa, kura au ahadi kwa mkono wako mwenyewe, ukaenda zako ukijiona mjanja. Naanza na changu.

Mwezi uliopita nilikuwa nakwenda Malindi kwenye maziko. Marehemu azikwe baada ya swala ya adhuhuri, mimi nimefika Mwembe Tayari hapa Mombasa saa nne, najua nitawahi. Kuna matatu mbili. Moja ina watu watatu na dereva haonekani. Ya pili imejaa, injini inanguruma, makanga kaning'inia mlangoni: "Malindi mmoja! Mmoja twende!" Nikaingia, nikalipa papo hapo. Pembeni yangu jamaa wa makamo anasoma gazeti. Nyuma mama na kikapu chake, na vijana wamelala, mmoja kaegemeza kichwa kwenye kioo utasema katoka safari ya siku mbili.

Hazikupita dakika tano jamaa wa gazeti akasema anashuka kununua maji, akaniachia gazeti kwenye kiti nimshikie nafasi. Mama wa kikapu akakumbuka kuna dawa kasahau. Wale waliolala wakaamka kwa pamoja. Kufumba na kufumbua tumebaki sita, injini imezimwa, na makanga bado anaimba "mmoja twende". Nikafungua lile gazeti nipoteze wakati. La wiki mbili nyuma! Limekunjwa na kukunjuliwa mpaka kwenye mikunjo limetoboka. Nikachungulia dirishani, jamaa yangu yuko kwenye ile matatu nyengine, kiti cha mbele, na gazeti jengine.

Tuliondoka saa sita na robo. Nilipofika, watu wanatoka makaburini wanajikung'uta vumbi.

Nauli haikuniuma. Kinachonikera ni kwamba ukiniuliza nani alinidanganya, simjui wa kumtaja. Wale abiria hawakuniambia neno. Vichwa nilivihesabu mwenyewe.

MAMA NYANYA
Pole mwanangu. Mimi nitasema upande wa pili, maana hapa mimi ndiye mwenye gazeti.

Nauza nyanya Kongowea mwaka wa 11 sasa. Zamani nilikuwa na mafungu ya aina mbili, la shilingi 30 na la 50. Wote wakichukua la 30. La 50 wakinitazama nalo kama nimewaibia. Somo yangu mmoja pale sokoni akaniambia, panga na la 80. Nikamuuliza, nani atanunua la 80 na lenyewe limezidi la 50 nyanya mbili tu? Akacheka. "Hilo si la kuuzwa, ni la kutazamwa."

Basi nikalipanga mbele kabisa, karibu na mkono wa mteja. Wallahi wiki ile ile la 50 likawa ndilo linaloondoka. Mtu anafika, anashtuka na ile 80, anashuka kwenye 50 huku anashusha pumzi. Mwengine ananiambia wazi, "Mama, mimi sidanganyiki, nipe hilo la katikati." Namfungia, nampa na pilipili moja ya shukrani.

Gorogoro, lile kopo la kupimia, la kupondwa kitako mimi sina. Huo ni wizi.

MTOTO WA MAJENGO
Na hilo la 80 si wizi, mamangu?

MAMA NYANYA
Bei nimekutajia, nyanya unaziona na macho yako, mkono sikukushika. Wewe hesabu mwenyewe.

MTOTO WA MAJENGO
Ndivyo nilivyohesabu vichwa!

KIJANA WA KISAUNI
Hapo mmenigusa. Mimi nilikuwa kichwa cha kuhesabiwa.

Kampeni za 2017, nina miaka 19, kazi sina. Asubuhi lori linapita mtaani, unapewa fulana na kofia, jioni unaondoka na 300. Siku moja tulikuwa na mikutano miwili. Asubuhi tunamshangilia mgombea huyu, alasiri uwanja wa Tononoka tunamshangilia mpinzani wake. Ile fulana ya pili tuliivaa juu ya ya kwanza, kwa sababu hakuna aliyetaka kuacha fulana mpya kwenye lori. Joto la Mombasa mnalijua. Basi mheshimiwa kapanda jukwaani, nikainua mikono nipige makofi, fulana ya juu ikapanda, ya ndani ikachungulia na rangi za watu wengine. Msimamizi wetu alinipiga kiwiko cha ubavu: "Shusha mkono wewe! Piga makofi chini!" Nikapiga makofi tumboni mpaka mwisho wa mkutano.

Hicho ni cha kuchekesha. Sasa sikilizeni hiki. Usiku jirani alimwonyesha mamangu picha kwenye simu, uwanja umefurika. Mama akasema, "Huyu ana watu, huyu ndiye atakayeshinda, tusipoteze kura." Nami nimo mle pichani, mstari wa tatu, mdomo wazi. Sikumwambia. Alimpigia kura, na mpaka leo hajui.

Najua kuna Sheria ya Makosa ya Uchaguzi ya 2016 inayokataza kununua kura. Lakini mimi kura yangu haikununuliwa. Nilikodishwa sauti tu, na kura ikatoka kwa mamangu bila ya senti.

MWALIMU MSTAAFU
Mambo haya yamepimwa, wanangu. Mwaka 1951 mwanasaikolojia Solomon Asch kule Marekani aliwaweka vijana chumbani, akawaonyesha mistari na kuwauliza upi una urefu sawa na ule wa kwanza. Jibu liko wazi hata kwa mtoto. Ila wote waliokuwa mle walikuwa wamepangwa isipokuwa mmoja, nao walitaja jibu la uongo kwa sauti, mmoja baada ya mwengine, mpaka zamu ikamfikia yule asiyejua. Karibu robo tatu ya waliopimwa walifuata uongo ule angalau mara moja. Mistari mitatu kwenye kadi, wala hakuna nauli wala kiongozi!

Na zama hizi hawahitaji tena kukodi lori. Mtawakumbuka Cambridge Analytica, ile kampuni ya Uingereza iliyotumia data za watu kwenye kampeni za siasa. Machi 2018 televisheni ya Channel 4 ya Uingereza iliwarekodi wakubwa wao kwa siri wakijigamba kuwa walifanya kazi kwenye kampeni za hapa Kenya 2013 na 2017, mpaka hotuba na manifesto. Kampuni ikafungwa Mei mwaka ule ule. Walichokuwa wanauza ni kukujua wewe unaogopa nini, kisha unaletewa hicho hicho kwenye simu yako, peke yako, jirani hakioni.

BAHARI KUU
Mwalimu, heshima yako, lakini hapo naona nawe umevishwa kilemba. Yule mwandishi wa Channel 4 alijifanya wakala wa mteja tajiri wa Sri Lanka. Sasa muuzaji mbele ya mteja tajiri atasema nini? Kwamba kazi yake haina maana? Wale walikuwa wamepanga fungu lao la 80. Picha ya huyu kijana wa Kisauni iliyofika kwa mamake kupitia simu ya jirani mimi naiogopa zaidi kuliko kompyuta zao. Jirani unamwamini.

MWALIMU MSTAAFU
Limeniingia hilo.

DADA WA LIKONI
La jirani ni kweli, na la ndugu ni zaidi. 2007 nchi nzima ilishikwa na homa ya zile biashara za piramidi. Mimi sikuzitaka. Nilipita mbele ya ofisi yao wiki nzima, nikasikia maneno matamu yote, sikuingia.

Aliyenitia ni dadangu mkubwa. Aliweka 5,000 akarudishiwa 7,500, na alirudishiwa kweli, nilizihesabu mimi mwenyewe juu ya mkeka. Akaninunulia doti ya leso. Hakunisihi wala hakunirai, aliniletea leso tu. Kesho yake nilitoa 40,000 ya duka nikapeleka. Wiki ya pili mlango una kufuli na watu wamejaa barabarani.

Baadaye mwanangu alinisomea habari za Ponzi, yule tapeli wa Boston wa 1920 aliyeahidi faida ya nusu ya pesa yako kwa siku 45, akawalipa wa mwanzo kwa pesa za waliofuata. Nikamwambia basi dadangu alilipwa kwa pesa za mtu kama mimi, na mimi kama wangenilipa ningemvuta shoga yangu. Dada hakusema uongo hata neno moja. Tulikaa miezi minne hatuzungumzi. Leso ile naifungia mahamri mpaka leo, kujifunga siwezi.

PWANI TU
Tamaa mbele, mauti nyuma. Nyote mlitaka vya rahisi.

MTOTO WA MAJENGO
Mimi nilitaka kwenda kuzika, yakhe. Tamaa iko wapi hapo?

MKE WA MTU
Changu kifupi. Kundi la harusi kwenye simu, orodha ya michango imefunguliwa na majina matatu juu: 10,000, 10,000, 8,000. Mimi nilikuwa nimepanga 2,000, nikaona haya, nikaandika 6,000, nikakopa. Harusi ikapita. Siku tunachambua mchele wa arubaini ya bibi, wifi yangu akaropoka kuwa yale majina matatu yaliandikwa tu "kuchangamsha." Mmoja wao hata hakuwa na habari kuwa jina lake limo!

MTOTO WA MAJENGO
Loh. Hao wametushinda wote. Mama Nyanya, bado uko? Lile fungu la 80, likifika magharibi bado liko mezani, huwa wapi?

MAMA NYANYA
Ndilo tunalopikia nyumbani. Watoto wangu hawajui nyanya mbaya.

Ila mara moja alipita kijana mmoja ana haraka zake, akalichukua bila hata kuuliza bei, akalipa 80 akaenda zake. Nilikasirika mimi! Ilibidi nivunje mafungu mawili ya 30 nipange jengine upesi, kabla hajafika mteja anayefuata.