Majalala ya majimbo ya Roma yanatuambia nini kuhusu watu wa kawaida?

Mwalimu wa Zamu aliuliza:

Ndugu wanajukwaa, salaam. Ninafundisha historia katika shule ya sekondari, na wiki iliyopita, tulipokuwa tukizungumzia dola ya Roma, mwanafunzi mmoja wa kidato cha pili aliinua mkono akaniuliza swali ambalo sikuweza kulijibu. Nilikuwa nimetaja makaizari, vita na barabara, naye akataka kujua mtu aliyetawaliwa, awe mkulima wa Misri au mke wa askari kule Britania, alikula nini, alivaa nini na aliishi na nani. Nilimwahidi kwamba nitatafuta.

Vitabu nilivyo navyo vinategemea waandishi wa kale, ambao wengi wao walikuwa watu wa tabaka la juu, na ambao waliyakumbuka majimbo hasa pale yalipoasi au yalipopelekewa gavana mpya. Naomba msaada wa wanaoijua akiolojia. Je, ardhi imetoa ushahidi wa kutosha kutuwezesha kuzungumzia maisha ya watu hao bila kubahatisha? Na kama umepatikana, umepatikana wapi, na tuuamini kwa kiasi gani?

Kigae alijibu:

Mwalimu, pokea salamu zangu, na umpongeze mwanafunzi huyo. Jibu zuri kuliko yote ninayoyajua lilitoka kwenye tope, katika ngome ya Vindolanda, kaskazini mwa Uingereza, kusini kidogo ya ukuta ambao Kaizari Hadrian aliamuru ujengwe kuanzia mwaka 122 BK.

Mwezi Machi 1973, mwanaakiolojia Robin Birley alikuwa akichimba pale alipokuta vipande vya mbao vyembamba mno, vyenye unene wa milimita chache na ukubwa wa kadi ya posta. Vilikuwa na maandishi ya wino wa masizi. Tangu hapo vimepatikana zaidi ya 1,000, na vingi ni vya miaka iliyotangulia ujenzi wa ukuta. Vilikuwa vimetupwa au kuchomwa nusu kama takataka, kisha vikafunikwa na udongo uliojaa maji usiopitisha hewa, kwa hiyo vijidudu vinavyoozesha mbao havikuweza kuishi humo.

Kimojawapo ni taarifa ya hesabu ya askari ya tarehe 18 Mei. Kikosi cha Watungri, watu wa eneo ambalo leo ni Ubelgiji, kilikuwa na askari 752, lakini 456 hawakuwapo ngomeni kwa sababu walikuwa wametumwa kwingineko. Kati ya 296 waliobaki, 31 hawakufaa kwa kazi: wagonjwa 15, majeruhi 6, na 10 waliokuwa na maradhi ya macho. Nimeisoma taarifa hiyo mara nyingi, na kila mara ninasimama kwenye wale 10 wa macho. Hakuna mwanahistoria wa kale ambaye angejisumbua kuwahesabu.

Kuhusu mavazi, kuna barua inayomwarifu askari mmoja kwamba ametumiwa soksi, jozi mbili za makubadhi na chupi mbili. Kuhusu vinywaji, ofisa mmoja, baada ya kuomba maelekezo ya kazi ya kesho yake, anamalizia kwa kusema kwamba wenzake hawana pombe na kuomba waletewe. Mfanyabiashara mmoja naye anadai pesa za nafaka na kueleza kwamba hakwenda kuchukua ngozi zake kwa sababu barabara ni mbovu.

Lakini mpe mwanafunzi wako barua ya Claudia Severa. Mama huyu alikuwa mke wa kamanda wa ngome nyingine, na alimwandikia Sulpicia Lepidina, mke wa kamanda wa Vindolanda, kumwalika katika sherehe ya siku yake ya kuzaliwa, tarehe 11 Septemba. Sehemu kubwa ya barua imeandikwa na karani mwenye mwandiko ulionyooka. Chini kabisa, kwa mwandiko mwingine usio na mazoea ya kalamu, Severa mwenyewe ameongeza kwamba atamngoja, na anamwita dada na roho yake. Hakuna ushahidi kwamba walizaliwa pamoja. Alimwita dada kama sisi tunavyomwita dada mtu tunayempenda. Mistari hiyo ni miongoni mwa maandishi ya kale zaidi ya Kilatini yanayojulikana kuandikwa kwa mkono wa mwanamke.

Nyayo za Jangwani alijibu:

Ninakubaliana na Kigae, ila ningependa mwalimu aitazame pia Misri, ambako kilichohifadhi takataka ni ukame. Huko kuna mahali ambapo uchimbaji uliwalazimisha wataalamu kubadili maelezo waliyokuwa wameyazoea.

Mons Claudianus ni machimbo ya mawe yaliyomo katika jangwa la mashariki, mwendo wa siku kadhaa kutoka mto Nile. Nguzo za kijivu za mbele ya hekalu la Pantheon mjini Roma zilichongwa huko, kila moja ikiwa jiwe zima lenye urefu wa karibu mita 12. Kwa muda mrefu ilidhaniwa kwamba kazi ngumu kama hiyo, katika mahali pakavu kama pale, lazima ilifanywa na wafungwa waliohukumiwa. Wachimbaji walipofanya kazi pale kati ya 1987 na 1993, walipata katika majalala zaidi ya vigae 9,000 vilivyoandikwa kwa wino, kwa sababu kigae cha mtungi uliovunjika kilikuwa karatasi ya maskini.

Vigae hivyo vimeonyesha kwamba mafundi wa pale walikuwa watu huru waliolipwa drakma 47 kwa mwezi pamoja na posho ya ngano, malipo ambayo yalikuwa takriban mara mbili ya yale ya kibarua wa bonde la Nile. Kuna orodha ya mgawo wa maji kwa watu wapatao 900. Kuna barua za watu wakiomba au wakitumiana mboga, na mbegu zilizokaushwa na jangwa zinathibitisha maneno yao. Walikula vitunguu, kabichi, samaki wa Bahari ya Shamu, nyama ya nguruwe na hata ya punda, na baadhi yao walionja pilipili manga iliyotoka India.

Mwalimu aliuliza tuamini kwa kiasi gani. Mimi ninaamini zaidi pale ambapo barua na jalala vinasema jambo moja bila kuwa vimepatana. Mwandishi wa barua angeweza kudanganya kwamba amepeleka mboga, lakini mbegu iliyobaki kwenye takataka haina sababu ya kumtetea.

Mpima Udongo alijibu:

Naomba nitoe tahadhari, kwa heshima zote kwa waliotangulia. Mifano yote miwili inahusu mahali palipoendeshwa na serikali, ambapo makarani walikuwa wengi na posho ilikuwa ya uhakika. Wakazi wengi wa majimbo walikuwa wakulima wasiojua kusoma, na tukiyachukua maisha ya Vindolanda kuwa ndiyo maisha ya Britania yote, tutakuwa tumewasahau walio wengi.

Wakulima hao wanaonekana, lakini kwa vitu vya aina nyingine. Katika sehemu nyingi za Britania watu waliendelea kujenga nyumba za msonge, kama babu zao, vizazi vingi baada ya jeshi la Roma kuingia mwaka 43 BK. Ukichimba nyumba kama hiyo unaweza kukuta sarafu chache, bizimu ya vazi na vigae vyekundu vinavyong'aa vilivyotoka Gali (eneo la Ufaransa ya leo), pembeni ya chungu cha kupikia cha kienyeji. Mtu wa namna hiyo alinunua bakuli la kigeni na akaendelea kuishi katika nyumba ya mviringo. Sioni sababu ya kumwita Mroma, wala ya kusema kwamba alikuwa akiipinga Roma. Huenda alilipenda tu bakuli.

Hata ndani ya ngome, vitu vinasema yale ambayo maandishi rasmi yaliyanyamazia. Sheria ilimkataza askari wa kawaida kuoa, na katazo hilo lilidumu hadi wakati wa Kaizari Septimius Severus, mwishoni mwa karne ya pili. Lakini Vindolanda imetoa viatu vya ngozi zaidi ya 5,000, na miongoni mwake vimo vya wanawake na vya watoto wadogo, ambavyo vingine vilipatikana kwenye mabweni ya askari. Familia zilikuwapo, na jeshi lilijua.

Watumwa ndio wagumu kuliko wote. Mwaka 1994 jijini London kilipatikana kibao ambacho awali kilikuwa na nta; nta imetoweka, lakini ncha ya kalamu ilipenya ikakwaruza mbao, na mikwaruzo hiyo ndiyo iliyosomwa. Ni hati ya kuuziwa msichana aitwaye Fortunata, mtu wa kabila la Diablintes kutoka kaskazini magharibi mwa Gali, kwa dinari 600. Muuzaji anadhamini kwamba ni mzima wa afya na hana tabia ya kutoroka. Mnunuzi, Vegetus, naye ni mtumwa, mali ya mtumwa mwingine ambaye bwana wake ni Kaizari. Tunajua bei ya Fortunata kwa hakika, na neno lake mwenyewe hatuna hata moja. Mwalimu, ningependa wanafunzi wako walisikie jina lake.

Mwalimu wa Zamu aliandika:

Nawashukuru sana, ndugu zangu. Hati ya Fortunata nitaisoma darasani Jumatatu, pamoja na ile hesabu ya tarehe 18 Mei. Nina swali moja la nyongeza, kwa sababu najua nitaulizwa: Nyayo za Jangwani ametaja pilipili ya India. Je, biashara hiyo iliigusa pwani yetu ya Afrika Mashariki?

Nyayo za Jangwani alijibu:

Iliigusa, mwalimu, ingawa pwani yetu haikuwa jimbo la Roma na isichanganywe na majimbo. Kiungo kilikuwa bandari za Misri, hasa Berenike kwenye Bahari ya Shamu, ambayo imekuwa ikichimbwa tangu 1994. Katika ua wa hekalu la Serapis ulipatikana mtungi uliotengenezwa India ukiwa bado na kilo 7.5 za pilipili manga. Mbao za msaji, ambazo zilifika zikiwa sehemu ya majahazi, zilitumiwa tena kujengea nyumba.

Mfanyabiashara mmoja wa Misri, aliyeandika kwa Kigiriki katika karne ya kwanza BK, aliacha mwongozo wa bahari hizo. Anaitaja pwani ya Azania, yaani pwani yetu, na soko lake la mwisho, Rhapta, ambalo anasema lilipewa jina hilo kutokana na vyombo vilivyoshonwa. Kutoka huko zilinunuliwa pembe za ndovu, pembe za kifaru na magamba ya kasa. Zililetwa shoka, mikuki, visu na vitu vya kioo, pamoja na mvinyo na ngano ambavyo anasema havikuwa vya biashara bali vya kuwakirimu wenyeji. Anaongeza kwamba manahodha wa Kiarabu waliotumwa huko walioana na watu wa pwani na kuijua lugha yao.

Rhapta yenyewe haijathibitishwa ilipo, japokuwa wengi wanaitafuta katika pwani ya Tanzania, na eneo la delta ya Rufiji limetajwa mara kwa mara. Chombo cha kushonwa sisi tunakijua, kwa kuwa mtepe ulishonwa kwa kamba za makumbi hadi mwanzoni mwa karne ya ishirini. Tatizo ni udongo. Kiatu cha mtoto wa Vindolanda kilikaa miaka 1,900 kwa sababu hewa haikukifikia, na mbegu ya kitunguu ya Mons Claudianus ilikaa kwa sababu maji hayakuifikia. Mchanga wa pwani yetu unalowa na kukauka kila msimu, kuna joto na kuna mchwa, na kamba ya makumbi iliyoachwa ufukweni haimalizi miaka mingi. Kwa hiyo, mpaka sasa, sehemu kubwa ya tunachokijua kuhusu wanunuzi wa shoka zile imetoka kwenye kalamu ya mgeni aliyekuja kununua pembe.