Dons wa 1951: acheni kutuletea kama stori tamu, watu walidhulumiwa

Wakuu heshima kwenu. Mods naomba uzi huu usiunganishwe na ule wa NFL (ligi ya kulipwa ya futiboli ya Kimarekani), hili ni jambo lingine kabisa.

Nimechoka. Kila ikikaribia Januari na zile mechi za bowl za vyuo vya Marekani (mechi za mwaliko za futiboli baada ya msimu), lazima mtu aibuke na habari ya Dons, timu ya Chuo Kikuu cha San Francisco ya 1951. Watu wanalia, wanaandika "mshikamano oyee", wanaenda kulala. Anayeuliza nani aliwafanyia vile simuoni. Mnawasifia waliofungiwa mlango, aliyefunga mnamsitiri.

Kwa wasiojua: mechi 9, ushindi 9. Kocha Joe Kuharich. Ollie Matson alikimbia yadi 1,566 na kufunga tachidauni 21 (kufikisha mpira eneo la mwisho la mpinzani), na kwa yadi hizo hakuna aliyemgusa nchi nzima. Walisafiri hadi New York wakawapiga chuo cha Fordham 32-26, na siku hiyo Matson alidaka mpira wa kuanzia mara mbili akatoka nao mbio mpaka mwisho wa uwanja. Halafu kura za Heisman, tuzo ya mchezaji bora wa vyuo, zikamweka wa tisa. Wa tisa!

Msimu ukaisha, ikaja zamu ya mialiko ya bowl. Ujumbe kutoka kusini ukawa huu: njooni, ila Matson na Burl Toler muwaache nyumbani. Hao ndio weusi wawili pekee wa kikosi kizima. Wenzao wakagoma, na mwaliko ukafia hapo.

Sasa wajuaji mtakuja na ule utetezi wenu, eti ratiba ya Dons ilikuwa laini. Haya. Kwenye ratiba hiyo kulikuwa na College of the Pacific, Dons wakawanyuka 47-14. Pacific haohao wakaalikwa Sun Bowl kule El Paso! Aliyepigwa anaenda, aliyempiga anabaki anasikiliza redio. Nielezeni hiyo ratiba laini ilimbagua mmoja tu kwa vipi.

Na bingwa wa mwaka ule ni nani? Tennessee. Walitawazwa kabla ya bowl, wakaingia Sugar Bowl wakapigwa na Maryland 28-13, na taji wakabaki nalo. Dons ambao hawakupoteza hata mechi moja? Nafasi ya 14 kwenye orodha ya timu bora ya shirika la habari la AP.

Mwaka uleule, Oktoba 20, huko Stillwater, Johnny Bright, mchezaji mweusi wa chuo cha Drake, alivunjwa taya kwa pigo la mchezaji wa Oklahoma A&M wakati hata mpira hana. Picha zipo, zilichukua tuzo ya Pulitzer. Unaona kabisa mpira uko upande mwingine na ngumi iko usoni. Chuo kiliomba radhi 2005. Bright alishafariki tangu 1983, sijui radhi walikuwa wanamwomba nani.

Tukirudi San Francisco, kinachoniuma zaidi ni pesa. Timu ilikuwa inaendeshwa kwa hasara, na mgawo wa mechi moja kubwa ya bowl ungewapa pumzi. Haukuja. Chuo kikaifuta timu mara tu baada ya msimu ule. Kikosi kilichotoa watatu wa Hall of Fame (orodha ya magwiji) ya NFL, yaani Matson, Gino Marchetti na Bob St. Clair, hakikupata msimu wa pili. Hata kijana wa habari wa timu, Pete Rozelle, baadaye akawa kamishna wa NFL yenyewe. Matson mwaka uliofuata alikwenda Olimpiki ya Helsinki akarudi na medali mbili, fedha na shaba. Toler aliumia goti 1952, ndoto ya kucheza ikaishia hapo. 1965 akawa mwamuzi wa kwanza mweusi wa NFL.

Chuo kikawapa shahada za heshima 2006, miaka 55 baadaye, kwa waliokuwa bado hai. Safi, piga makofi. Lakini waliofungiwa mlango ndio wanaopewa vyeti, waliofunga hatuwasikii.

Na atakayekuja na "enzi zile ndivyo ilivyokuwa", kwanza anijibu: wale wachezaji weupe wa Dons waliogoma waliishi enzi gani?