Huyu mtafsiri wa muvi za Kikorea atanitoa roho!

Wakuu, natetemeka. Nimezima TV sasa hivi.

Yule mtafsiri, mnamjua, yule anayecheka kwanza ndipo atafsiri. Leo kaiua My Sassy Girl. Muvi ya 2001, wiki tatu naitafuta nimwoneshe mchumba wangu. Nikamwambia kabisa andaa leso, mwisho wake unaliza.

Mwanzoni nilivumilia. Binti kalewa chakari kwenye treni, anamtapikia mzee kichwani, mtafsiri anasema "uji umemwagika". Sawa. Gyeon-woo, yule kijana mpenzi wake, kavalishwa viatu vya binti vya visigino virefu, anasema ana gauti. Nikameza.

Tukafika kwenye mti. MTI, wakuu! Pale walipofukia barua zao wakaahidiana kurudi baada ya miaka miwili. Kijana akaja, binti hakutokea. Anakuja kachelewa mwaka mzima, anamkuta mzee kakaa chini ya mti. Mzee anamweleza kwamba ule wa mwanzo ulipigwa radi ukafa, kuna kijana kahangaika kupanda mwingine unaofanana nao ili binti asihuzunike. Moyo wa muvi nzima uko hapo!

Mtafsiri: "Mzee anasema hili shamba linauzwa, bei maelewano."

SHAMBA LINAUZWA! Binti kaduwaa, eti anauliza ekari ngapi! Mchumba wangu leso mkononi, kanigeukia: "Sasa huyu analilia bei?" Halafu akacheka mpaka akapaliwa.

Bei maelewano! Achapwe viboko mpaka ule mti wa radi uchipue tena.

Kiazi_Mviringo: Punguza jazba mkuu. Kwani zilikuwa ekari ngapi?

BintiNazi: Afadhali wewe. Mimi malkia anakunywa sumu, kasema anameza dawa ya minyoo. Nililia peke yangu sebuleni.

Mleta uzi: Tusitoke nje ya mada! Mzee alikuwa anaongelea RADI!

Kobe_Mzee: Wiki tatu unatafuta muvi, mahari umemaliza?

Fundi_Saa: Walioiua ni Wamarekani, walivyoirudia 2008. Ile hata wakiuza shamba ni nafuu.

BintiNazi: Mwenye kibanda naye kaniwekea muvi kumi, sita hazifunguki.

Kiazi_Mviringo: Flashi yako hiyo. GB 32 siku hizi mnanunua wapi?

Kobe_Mzee: Feki zimejaa, angalieni. Yangu imekufa na picha zote za harusi ya dada.